Filamu ya Taya la Kushoto

Siku ya harusi ya mdogo wake, Marcelline alikimbia picha ya familia.

Watu walikuwa wamekwisha kupangwa kwenye ngazi za kanisa, mashangazi mbele, maharusi katikati, na Baba Barthélemy, mwenye studio ya picha alikofanya kazi Marcelline, alikuwa ameinama nyuma ya kamera yake ya miguu mitatu. Mpaka hapo Marcelline alikuwa salama. Tangu asubuhi alikuwa ameshika ile kamera ndogo ya sinema ya kunasia harusi, na mtu aliyeshika kamera hakuna anayemtazama usoni. Ndipo bibi harusi mwenyewe, Clémentine, akamwita dada yake mkubwa.

"Yaya Marcelline, kuya apa. Acha ile machine, uingie mu foto."

Watu wote wakageuka. Marcelline aliona nyuso zile zote zimemlenga yeye kwa pamoja, na jua lilikuwa upande wa kushoto, upande ule ule. Akaiweka kamera juu ya ukuta mdogo, akapita nyuma ya kanisa, akatembea haraka mpaka nyumbani kwao, mtaa wa Shituru mjini Likasi, akajifungia. Mama yake, Mama Eugénie, alikuja kugonga mlango, akachoka, akarudi kwa wageni. Siku chache baadaye Clémentine alimfuata mume wake mji wa Kambove. Hakumuaga dada yake. Alimwachia mama neno moja tu la kumpelekea: "Umuambie yaya nimejua sasa. Anatusikilaka haya."

Haikuwa haya ya ndugu. Lakini ukweli wenyewe Marcelline hakuwa na mdomo wa kuusema.

Ilianza akiwa msichana wa shule, kwa masista. Hakuna aliyemtukana wala kumcheka. Asubuhi moja tu alipokuwa akifunga kitambaa cha kichwa aliona taya lake la kushoto limebonyea, kama sufuria iliyoangushwa sakafuni. Kuanzia siku ile hakuacha kuliona. Chumbani mwake alikuwa na vipande vitatu vya kioo, kila kimoja kwa kimo chake, maana kila kimoja kilimwambia habari tofauti. Aliamka kabla ya king'ora cha kiwanda ili apate muda wa kujikagua, na mara nyingi muda ule haukutosha, akafika kazini jua likiwa limepanda. Alipolala alijifunga kitambaa kuzunguka kidevu, akakikaza mpaka masikio yakamuuma, akitumaini kwamba mfupa utarudi mahali pake. Barabarani alitembea ubavuni mwa kuta, taya likielekea ukuta.

Mama Eugénie alimpeleka kwa daktari. Daktari alimshika kidevu, akamgeuza huku na huku, akasema haoni kitu. Wakaenda kwa watu wa maombi, nao hawakuona kitu. Wote walidhani wanamfariji. Kumbe kila aliyesema "sioni kitu" alimwongezea hofu, kwa kuwa Marcelline alijiambia: ama huyu ananionea huruma, ama ni baya kiasi kwamba halitajwi.

Na kazi yake, jamani, ilikuwa kusahihisha nyuso za watu. Alikaa kwenye meza karibu na dirisha la nyuma, penseli iliyochongwa kama sindano mkononi, akifuta makovu na chunusi kwenye filamu za picha. Watu wa Likasi waliokwenda kupiga picha ya kitambulisho walitoka wakiwa wazuri kidogo kuliko walivyoingia, na hawakujua ni nani aliyewapendezesha.

Baada ya ile harusi, Baba Barthélemy hakumuuliza lolote. Alivuta tu droo, akatoa kaseti mbili za filamu ya sinema.

"Hizi zimepita wakati wake," alisema. "Siwezi kuzitumia ku ndoa ya bantu. Ujifunze nazo. Kamera unaweza kuibeba siku hatuna kazi."

Marcelline alizichukua akiwa na nia moja. Alitaka ushahidi. Angepiga taya lile kwa karibu, mwanga ukilijia kutoka ubavuni, ampelekee Clémentine huko Kambove, amwambie: tazama, hiki ndicho kilichonikimbiza. Aliiegesha kamera juu ya sanduku chumbani, akaketi mbele yake, akageuza shavu. Filamu ikaenda Brussels kwa ndege pamoja na filamu za harusi, kwa kuwa hapa kwetu hapakuwa na wa kuiosha, na ikarudi baada ya wiki nyingi ndani ya bahasha ya manjano.

Aliitazama peke yake studioni, saa ya chakula, ukutani. Taya lilikuwa pale, limebonyea vile vile alivyolijua. Lakini palikuwa na kitu kingine. Palikuwa na mkono. Mkono ulipanda, ukagusa taya, ukabonyeza, ukashuka, na kabla haujafika magotini ukapanda tena, bila kupumzika, kama mnyama mdogo anayechimba. Marcelline alijua kabisa kwamba siku ile aliketi ametulia, mikono mapajani. Aliitazama mikono yake pale gizani. Mmoja ulikuwa shavuni.

Miaka yote alikuwa akilitazama taya, na hakuwahi kumtazama yule anayelitazama.

Kwa hiyo filamu ya pili aliipiga kwa namna nyingine. Alipiga vile vipande vya kioo. Alipiga kitambaa kikikazwa kidevuni na alama kilizoacha shingoni asubuhi. Alipiga mlango wa chumba kutoka ndani, siku ya sikukuu ambayo hakuweza kutoka, na sahani ya bukari, ugali wetu, iliyopoa juu ya kiti. Ilipotoka Brussels aliitazama mara moja tu, akaifungia kabatini studioni. Alihisi bado inakosa kitu kimoja: njia. Clémentine alipaswa kuona jinsi dada yake anavyotembea.

Baba Barthélemy alikubali kutoa kaseti ya tatu, lakini alimtazama kwa muda kabla ya kuiachia.

"Upige mu nyumba," alisema. "Inje hapana. Unajua namna bantu ba usalama banakuwa tangu vita ya Kolwezi."

Marcelline alijua. Kila mtu alijua. Ulikuwa mwaka wa pili hivi tangu vita ile, na mkoa mzima wa Shaba uliishi roho juu. Mtu akisimama kutazama reli alidhaniwa anahesabu mabehewa. Lakini Marcelline alikuwa na hofu kubwa kuliko hiyo, na hofu kubwa humfanya mtu asione nyingine.

Njia yake ya kwenda mjini ilikuwa na vituo vyake. Kwanza dirisha la duka la Mgiriki, halafu kioo cha duka la dawa. Na mbele ya nyumba moja yenye ukuta mweupe, karibu kila asubuhi, gari jeusi lenye vioo vya giza. Kioo kile kilikuwa bora kuliko vyote, kilitoa uso mzima. Watu wengine walivuka barabara kabla hawajalifikia gari lile. Marcelline hakuwahi kujiuliza kwa nini wanavuka. Alisimama, akajitazama, akarekebisha kitambaa, akaenda zake.

Asubuhi ile ya baridi, vumbi la kiangazi likiwa limelala juu ya kila kitu, alisimama mbele ya gari, akatoa kamera ndani ya kikapu, akailenga sura yake ndani ya kioo. Mashine ikaanza kunguruma. Nyuma ya sura yake, ndani ya kioo hicho hicho, lilionekana bomba refu la kiwanda cha Shituru likitoa moshi.

Kioo kikateremka polepole, na sura yake ikateremka nacho. Ndani alikaa mwanamume mwenye miwani ya jua.

"Endelea," alisema kwa upole. "Usisimame. Maliza kazi yako."

Marcelline hakuweza kukitoa kidole kwenye kitufe. Kamera iliendelea kunguruma mpaka yule mtu aliponyoosha mkono akaichukua.

Walimpeleka ndani ya nyumba ile ile ya ukuta mweupe. Yule wa miwani, ambaye wenzake walimwita Chef, alizungumza Kiswahili alichojifunzia kazini, chenye Lingala ndani yake. Aliiweka kamera katikati ya meza.

"Jina?"

"Marcelline."

"Hilo ni jina la Wazungu, na Serikali ilikwisha kuyakataza majina hayo. Nimeuliza jina lako la raia, citoyenne."

"Ntumba."

"Ntumba, nani alikutuma kupiga cheminée, lile bomba la Shituru?"

"Sikupiga cheminée, Chef. Nilikuwa najipiga minye mwenyewe."

"Ndani ya gari ya Serikali."

"Ndani ya kioo, Chef."

Chef aliwatazama wenzake. Hakuna aliyecheka. Alimuuliza tena na tena, kwa sauti ile ile ya upole, wapi alipojifunza kazi ya kamera, filamu zinaoshewa wapi, nani anazipokea huko Brussels. Jina la Brussels lilipotajwa, mmoja wao alitoka mbio. Marcelline alisikia injini ya gari ikiwaka nje. Mkono wake ulikuwa shavuni, na kila alipoushusha ulirudi.

"Toa mkono usoni," Chef alisema. "Unaficha nini?"

Mchana walimleta Baba Barthélemy. Alikuwa amebeba projekta yake kifuani kama mtoto mgonjwa, na vifungo vya shati vilikuwa vimekosana na matundu yake. Nyuma yake mtu alibeba filamu zote mbili zilizotoka kabatini.

"Huyu unamjua?"

"Anatumika kazi kwangu, Chef."

"Kamera alikuibia, au ulimpa?"

Marcelline aliona mzee yule anaitazama projekta, si yeye, na akaelewa kabisa. Neno moja tu, *aliiba*, na Baba Barthélemy angerudi kwa mke na watoto kabla jua halijatua. Hakumlaumu. Alijitayarisha kulisikia.

"Minye njo nilimupatia," Baba Barthélemy alisema. "Na filme pia. Minye."

Wakafunga mapazia.

Hofu aliyoishi nayo Marcelline tangu shuleni ilikuwa na umbo moja: siku moja watu watamzunguka, watalitazama taya kwa makini, kwa mwanga mzuri, na wataona. Sasa siku ilikuwa imefika. Shavu lake lilijaa ukuta mzima wa ofisi, kubwa kuliko mlango, na wanaume wanne walikuwa wamevuta viti mbele yake.

"Hiki nini?" Chef aliuliza.

"Ni uso yangu."

"Naona ni uso. Nyuma yake kuna nini? Pale, kwenye kioo, kile kinachong'aa."

"Ni dirisha, Chef."

"Simamisha hapo."

"Chef, nikisimamisha, taa itaiunguza," Baba Barthélemy alisema.

"Simamisha."

Picha ikasimama. Kwa kitambo kidogo taya lile lilitulia ukutani, kila kinyweleo kikionekana, na wanaume wakainama kulichungulia. Kisha katikati ya shavu likatokea doa la kahawia, likachemka, likapasuka, na ukuta ukabaki mweupe. Harufu ya kuungua ikajaa chumbani. Marcelline alijisikia akitoa sauti, ndogo, kama mtu aliyechomwa.

"Eleza sasa," Chef alisema gizani. "Na usinidanganye. Muntu hawezi kutuma shavu Ulaya bila sababu."

Basi Marcelline akaeleza, kwa kuwa hapakuwa na njia nyingine ya kutoka mle. Aliyasema akitazama sakafu.

"Chef, kuko kintu ku uso yangu, apa, ku taya. Bote banasema hakuna. Minye naionaka kila siku. Naamukaka mapema juu ya kuiangaria. Sijakubali foto tangu nilikuwa mutoto. Mudogo yangu alifunga ndoa, nikakimbia, na sasa anazani simupendi. Ile filme ni yake. Nilitaka aone namna ninaishi, juu kwa kinywa siwezi kusema."

Chef aliamuru filamu ya pili iwekwe. Vipande vya kioo vikapita, kitambaa, alama za shingoni. Hakusimamisha tena. Ilipokwisha, alifungua pazia mwenyewe, akaja akasimama mbele ya Marcelline, akamshika kidevu kwa vidole viwili, akamgeuza kuelekea dirishani.

"Njoni mtazame," aliwaambia wenzake. "Kuna kasoro hapa?"

Wakaja. Mmoja alisema haoni. Wa pili alisema labda kidogo, ukikaza macho, lakini hata yeye mwenyewe ana bega moja chini. Wa tatu akabisha kwamba walio pale wote wangepimwa vile wasingepona. Wakabishana. Marcelline alifumba macho, akingoja kelele, kicheko, kitu chochote kile alichokingoja maisha yake yote. Badala yake alisikia mtu akipiga miayo. Mwingine aliuliza kama bado kuna chakula. Walikuwa wamechoka naye.

Lile halikumponya, nisije nikasema uongo. Alipofumbua macho, taya lilikuwa limebonyea vile vile. Lakini hakuwahi kufikiri, hata siku moja, kwamba watu wanaweza kulitazama na kuchoka.

"Umeipotezea Serikali siku nzima kwa taya," Chef alisema. Alifungua kamera, akaivuta filamu ya asubuhi yote nje kwenye mwanga mpaka ikalala mezani kama utumbo. Kamera aliifungia kabatini mwake. Ile filamu ya pili alimrushia Baba Barthélemy, akamwachia na projekta yake. "Hii haina kitu. Na wewe, citoyenne, nikikuona tena karibu na gari yangu." Hakumaliza. Hapakuwa na haja.

Nje, kwenye ukingo wa barabara, walikuwa wameketi Mama Eugénie na Clémentine. Mtu alikuwa amepeleka habari Kambove kwa lori la asubuhi, na Clémentine alirudi nalo, bado amevaa kitenge cha nyumbani. Walipomwona, mama alisimama akamshika mikono yote miwili, akaipapasa kama anayetafuta mahali palipovunjika. Clémentine alibaki ameketi, macho mekundu.

"Banasema weye ni espion, mupelelezi," alisema.

"Kwendeni ku studio," Baba Barthélemy aliwaambia kabla Marcelline hajajibu. "Sasa hivi. Bakirudi kesho na kuchukua projecteur, hamutaiona hii kintu hata siku moja."

Marcelline alitaka kukataa. Kuwaonyesha wale wanaume ilikuwa kulazimishwa. Hii ilikuwa kuchagua, na ilimwogopesha zaidi. Alisimama nyuma ya projekta, mahali pa mtu asiyetazamwa, akaiwasha mwenyewe.

Ilipofika ile sehemu ya mlango uliofungwa na bukari iliyopoa, Mama Eugénie aliinuka kidogo kwenye kiti. Chini ya mlango, katika ule upenyo wa mwanga, palikuwa na vivuli viwili vya miguu. Havikusogea. Vilisimama pale mpaka filamu ikakatika.

"Ni minye yule," mama alisema taratibu. "Nilikuwa nasikiliza kama unapumua."

Marcelline hakuwa ameiona miguu ile, hata alipoitazama filamu mwanzo.

"Juu ya nini hukuniambia?" Clémentine aliuliza. Alikuwa na hasira, na hakuificha.

"Ningekuambia nini? Ungesema haiko kintu."

"Ningesema, ndiyo. Juu haiko."

"Njo juu ya ile sikusema."

Projekta ilikuwa bado inazunguka bure, mkia wa filamu ukipiga tap, tap. Baba Barthélemy alijishughulisha na kabati lililokuwa limevurugwa.

"Rudisha," Clémentine alisema mwishowe. "Onyesha tena."

Ikaonyeshwa tena. Safari hii, kioo kilipokuja na uso ndani yake, Clémentine alisogeza kiti karibu na ukuta.

"Sasa uniambie. Kwa macho yako weye, unaona nini pale?"

Hakuna aliyewahi kumuuliza hivyo, si daktari, si watu wa maombi. Marcelline alitoka nyuma ya projekta, akaenda mpaka ukutani, picha ikimwangukia mgongoni na begani, akaonyesha kwa kidole: hapa panaanza kushuka, hapa pana kivuli, hapa mfupa unapotea. Alizungumza muda mrefu. Mama na mdogo wake walimsikiliza, na ingawa hawakuona alichokionyesha, hakuna aliyesema haoni.

Clémentine alikaa Shituru wiki nzima. Kamera haikurudishwa, na kwa muda mrefu Baba Barthélemy alikataa kazi za sinema. Marcelline aliendelea kuamka mapema. Siku nyingine alishindwa kabisa kutoka, na siku hizo mama aliingia, maana mlango haukufungwa tena kwa ufunguo, akaketi kitandani akichambua mchele. Miaka baadaye daktari mmoja wa Lubumbashi alimwambia kwamba ni ugonjwa, una jina refu la Kifaransa, na kwamba si yeye peke yake. Hilo la mwisho ndilo alilorudi nalo nyumbani.

Alipokuja kupata kamera nyingine, iliyoachwa na fundi aliyerudi kwao Ulaya, alipiga filamu tena, ndani ya nyumba, polepole, na safari hii alimpa Clémentine aishike. Ilionyeshwa mara moja katika ukumbi wa parokia, Jumapili baada ya misa, kwa watu wasiojaza hata viti vya mbele. Wengine walitoka katikati wakinung'unika kwamba walidhani ni sinema ya kweli.

Watu walipokwisha kuondoka, mwanamke mmoja alibaki amekaa. Alikuwa muuguzi, Marcelline alimjua kwa sura, mtu mkubwa mwenye heshima zake, anayevaa soksi ndefu hata wakati wa joto.

"Mama, tumemaliza," Marcelline alimwambia.

"Najua," yule mwanamke alisema. Alivuta sketi chini kufunika miguu yake. "Minye, ni miguu. Sijamwambia muntu."

Marcelline hakumwambia kwamba miguu yake ni mizuri. Alivuta kiti, akaketi kando yake, akamuuliza anaona nini. Mfagiaji alikuja na funguo, akawakuta bado wanazungumza, akaanza kufagia kutoka upande wa pili.